SAUTI ZA UGOGO MBELE YA KAMERA: Kazi ya Mtunzi Polo Vallejo na Funzo Lake kwa Uimbaji wa Kanisa

Utangulizi

Usharika unapotimiza miaka 100, ni desturi njema kuwakumbuka wachungaji, wainjilisti, wazee wa Kanisa, na akina mama waliobeba maji na mawe ya ujenzi. Wanakwaya nao hukumbukwa, ingawa mara nyingi ni kwa picha moja ya pamoja. Ni nadra nyimbo zenyewe kukumbukwa: zilitoka wapi, nani alizitunga, na ni zipi zilizobaki nje ya mlango wa Kanisa wakati nyingine zilipokaribishwa ndani.

Makala hii yahusu nyimbo hizo zilizobaki nje. Inazitazama kwa kupitia kazi ya mtu asiyejulikana sana Dodoma, ingawa sehemu kubwa ya kazi yake ilifanyika katika nchi ya Ugogo. Huyo ni Polo Vallejo, mtunzi wa muziki kutoka Madrid, Hispania. Mwaka 2011 alikuwa mmoja wa waongozaji wanne wa filamu ya hali halisi, yaani filamu ionyeshayo mambo ya kweli na si ya kuigiza, iitwayo Africa: The Beat. Filamu hiyo ilipigwa katika kijiji cha Nzali, mkoani Dodoma. Hakuja kuhubiri wala kufundisha nyimbo mpya. Alikuja kusikiliza, na yale aliyoyasikia yanalihusu Kanisa linalojiandaa kuingia karne yake ya pili.

Nchi na nyimbo zake

Jina la Makutupora hutajwa leo kwa sababu ya visima virefu viipatiavyo Dodoma maji, kambi ya Jeshi la Kujenga Taifa, na utafiti wa zabibu. Watu wa mikoa mingi wamekutana hapo. Lakini kabla ya kambi na mashamba ya mizabibu, nchi hii ilikuwa ya Wagogo, wafugaji na wakulima wa uwele na mtama, watu walioyapima maisha yao kwa mvua. Palipo na mvua pana sherehe. Mvua inapochelewa panakuwa na dua. Mambo hayo yote mawili yalikuwa na nyimbo zake.

Utajiri huo wa nyimbo ni mkubwa kuliko wadhaniavyo wengi. Iko muheme, ngoma ya wanawake, ambayo wapigaji wake hubana ngoma katikati ya magoti na kuzipiga kwa mikono huku wakiimba na kucheza. Ziko nyimbo za msunyunho, ziimbwazo kwa sauti nyingi zilizosukwa pamoja. Ziko nyimbo za jando, nyimbo za kubembeleza watoto, na michezo ya watoto wenyewe. Katika vyombo, liko zeze lenye nyuzi zipigwazo kwa upinde, na ilimba, kisanduku chenye vijiti vya chuma vichezwavyo kwa vidole gumba. Kuna filimbi, na kuna njuga zifungwazo miguuni.

Injili ilipoingia Ugogo, ilikuja na nyimbo zake. Wamisionari wa Kianglikana wa CMS walifika Mpwapwa katika miaka ya 1870, na baada yao wakaja watumishi wa madhehebu mengine. Wengi wa watangulizi hao, wa kila dhehebu, waliihesabu ngoma kuwa mali ya maisha ya kale ambayo mwongofu alipaswa kuyaacha. Hawakukosa sababu zote, kwa maana baadhi ya ngoma ziliambatana na matambiko na unyago. Lakini pamoja na matambiko, zeze nalo liliachwa nje, na tuni zilizobeba hekima ya vizazi zikaachwa pamoja nalo. Mkristo mpya alijifunza kuimba upya kana kwamba hakuwahi kuimba.

Waliotangulia kurekodi

Vallejo hakuwa wa kwanza kuzisikiliza sauti za Ugogo akiwa na mashine ya kurekodia. Mwaka 1950 Hugh Tracey, mtafiti aliyekuwa akiishi Afrika Kusini, alizunguka Tanganyika akirekodi muziki wa makabila mengi, Wagogo wakiwamo. Mwaka 1954 alianzisha Maktaba ya Kimataifa ya Muziki wa Afrika, na sauti zile zikahifadhiwa huko. Waimbaji wengi wa siku zile wamekwisha kulala, lakini bado wanasikika.

Kisha akaja mwana wa Dodoma mwenyewe. Hukwe Ubi Zawose, bingwa wa ilimba na zeze, aliitwa Dar es Salaam na Mwalimu Julius Nyerere, na baadaye akafundisha katika Chuo cha Sanaa Bagamoyo. Mwaka 1996 albamu yake Chibite ilitolewa Uingereza na kampuni ya Real World, iliyoanzishwa na mwanamuziki Peter Gabriel, ikafuatwa na Assembly mwaka 2002. Alifariki Bagamoyo tarehe 30 Desemba 2003. Kwa Zawose dunia ilijua kuwa Ugogo una muziki wa hali ya juu. Lakini Zawose alisimama jukwaani kama msanii mwenye jina. Walibaki wale ambao hawakuwahi kupanda jukwaa: mama mwenye ngoma magotini, mtoto mwenye mchezo wake, mzee mwenye zeze chini ya mti.

Mtunzi kutoka Madrid

Hao ndio Vallejo aliowafuata. Alianza safari zake za Ugogo mwishoni mwa miaka ya 1980, naye akarudi mara nyingi. Kwa taaluma ni mtunzi wa muziki na mwalimu, mfuasi wa njia ya Carl Orff, mtunzi wa Kijerumani aliyefundisha kwamba mtoto aanze muziki kwa mwili, kwa sauti na kwa mchezo kabla ya kushika kitabu cha nota. Huenda mwalimu wa namna hiyo alikuwa na sababu ya pekee ya kustaajabu alipofika Ugogo, kwa kuwa huko watoto walikuwa wakifanya hivyo siku zote bila kuambiwa na mtaalamu yeyote. Mwaka 2004 alitoa kitabu kiitwacho Mbudi mbudi na mhanga kuhusu muziki wa watoto wa Kigogo. Sauti alizozirekodi Ugogo zilitolewa Ulaya katika CD, na utafiti wake ukampatia shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Complutense cha Madrid.

Vallejo alifanya kazi pia na Simha Arom, mtaalamu mashuhuri wa muziki wa Jamhuri ya Afrika ya Kati. Arom alikabiliwa na tatizo linalofahamika kwa kila mwalimu wa kwaya: watu wengi wanapoimba au kupiga pamoja, ni vigumu kujua kila mmoja anafanya nini. Alimrekodi kwanza mpigaji mmoja, kisha akampa wa pili vipokea sauti vya masikioni, apige sehemu yake huku akimsikia mwenzake, akaendelea hivyo mpaka sehemu zote zikapatikana, kila moja peke yake. Jambo lililobainika lilikuwa kubwa. Muziki ambao wageni waliuita kelele au vurugu ulikuwa na mpango kamili, na wenyewe walijua mara moja iwapo mtu amekosea.

Zeze na kinanda

Kwa wanakwaya, somo muhimu kuliko yote katika utafiti wa muziki wa Kigogo ni hili la ngazi ya sauti. Linaeleweka kwa urahisi kwa yeyote aliyefundishwa kuimba kwa do, re, mi.

Uzi mmoja ukipigwa, hautoi sauti moja tu. Uzi mzima hutikisika, na papo hapo nusu yake, theluthi yake, robo yake, na kuendelea. Kila sehemu hutoa sauti yake nyembamba ndani ya sauti kuu. Sauti hizo hazikubuniwa na mtu, zimo katika uumbaji. Ngazi ya Kigogo yafuata sauti hizo za asili, kuanzia ya 4 hadi ya 9. Zikiandikwa kwa majina ya kwaya, ya 4 ni do, ya 5 ni mi, ya 6 ni so, ya 7 ni ta, ya 8 ni do ya juu, na ya 9 ni re ya juu. Hakuna fa wala la. Nayo ile ta si ta ya kinanda; iko chini yake kidogo, mahali ambapo kinanda hakina kibonye.

Upatano wa sauti nao una kanuni yake. Mwimbaji wa pili huruka ngazi moja na kuimba ile inayofuata. Mwenzake akiwa kwenye do, yeye yuko kwenye so. Mi hupata ta, so hupata do ya juu, na ta hupata re. Katika jozi hizo, ya mi na ta ni umbali ambao walimu wa uimbaji wa Ulaya kwa karne nyingi waliuonya kuwa mkali usiofaa. Lakini Mgogo akiuimba kwa vipimo vyake, ukali huo hulainika, kwa sababu sauti zote mbili zimetoka katika uzi mmoja.

Hapo yafahamika jambo ambalo huenda liliwasumbua wazee wengi bila kulijua jina lake. Mgogo aliyefundishwa tuni ya Kijerumani aliambiwa kuwa anaishusha sauti, au hapandi vizuri kwenye fa na ti. Hakuwa na sikio bovu. Sikio lake lilikuwa limefunzwa vizuri sana katika shule nyingine. Vivyo hivyo, tuni ya Kigogo ikisindikizwa na kinanda, kinanda huivuta iende kwenye vibonye vyake, na baada ya miaka michache vijana huijua kwa sura ile ya kuvutwa tu.

Filamu ya Nzali

Baada ya miaka zaidi ya ishirini ya safari, rekodi na maandishi, Vallejo aliungana na Javier Arias Bal, Pablo Vega na Manuel Velasco kutengeneza filamu. Walijiita Samaki Wanne, kwa Kiswahili, na kazi yao, yenye urefu wa karibu saa moja, ikatoka mwaka 2011.

Ili kuielewa, ni vema kukumbuka kazi ya mtunzi katika filamu za hali halisi. Kwa kawaida huletewa picha zikiwa zimekwisha kupangwa. Huzitazama studioni, kisha hutunga muziki wa kuwekwa chini yake: wa huzuni palipo na njaa, wa shangwe palipo na mavuno. Filamu nyingi kuhusu Afrika zimetengenezwa hivyo, mwanakijiji akionekana akitembea huku akisindikizwa na muziki asioujua, uliotungwa mahali asipopajua. Jina la mtunzi huandikwa mwishoni kwa herufi ndogo, na watazamaji huondoka kabla halijafika. Ni kazi ya heshima, lakini ni kazi ya kivulini.

Katika Africa: The Beat mpango huo umegeuzwa. Muziki ndiyo habari yenyewe, na wenye muziki ni watu wa Nzali. Filamu yaonyesha maisha ya kijiji na jinsi wimbo unavyoyasindikiza, kazini, katika sherehe na katika michezo ya watoto. Mtunzi aliyesoma, mwenye uwezo wa kujaza filamu nzima kwa tuni zake mwenyewe, amewapa wanakijiji nafasi hiyo. Kwa mtu wa fani yake, hilo ni tendo la unyenyekevu.

Hata hivyo, kazi hiyo yaacha swali ambalo halipaswi kupitwa. Wimbo wa Nzali waweza kusikika leo Madrid au Paris kutoka kwenye rafu ya maktaba, wakati kijana wa Dodoma aliyezaliwa mjini hajapata kuusikia hata mara moja. Tena tuni nyingi za namna hiyo hazina jina la mtunzi, kwa kuwa zimepita vinywani mwa vizazi. Je, ni za nani? Jibu lenye haki ni kwamba ni za jamii iliyozilea. Lakini mali ya jamii hudumu pale jamii inapoitumia. Ikiachwa kutumika, hubaki kumbukumbu ya wengine.

Kanisa la Kilutheri na tuni za Kiafrika

Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania, lililoundwa mwaka 1963 kwa kuungana kwa makanisa saba, halikulala kabisa katika jambo hili. Kitabu chake cha nyimbo, Mwimbieni Bwana, kina tuni nyingi zilizotoka Ujerumani, nazo zimekuwa urithi halali wa Walutheri wa Tanzania. Watu wamezikwa kwa nyimbo hizo, wameoana kwa hizo, na hakuna mwenye haki ya kuzidharau. Hata Martin Luther aliona ni lazima watu waimbe kwa lugha yao na kwa tuni ambazo sikio lao lingezipokea. Walutheri wa Ujerumani waliimba Kijerumani kwa sababu hiyo hiyo inayowapa Wagogo haki ya kuimba Kigogo.

Mwenye kukumbukwa zaidi hapa ni Howard Olson, mmisionari wa Kimarekani aliyefika Tanganyika mwaka 1946 na baadaye akafundisha katika Chuo cha Theolojia Makumira. Alikusanya tuni za Kiafrika na tenzi za wanafunzi wake, zikatolewa mwaka 1968 katika kitabu Tumshangilieni Mungu. Humo ndimo ulimo wimbo wa Pasaka wa Bernard Kyamanywa, mchungaji wa Kihaya, Mfurahini, Haleluya, ambao umetafsiriwa na kuingizwa katika vitabu vya nyimbo vya makanisa ya Ulaya na Marekani. Wimbo uliozaliwa Buhaya umekuwa ukiimbwa asubuhi ya Pasaka na watu wasioweza kuionyesha Bukoba kwenye ramani. Olson alifariki mwaka 2010, naye aliacha ushuhuda kwamba tuni ya Kiafrika yaweza kubeba Injili bila kuipunguza.

Miongoni mwa Wagogo wenyewe kazi imeendelea. Dkt. Kedmon Mapana, Mgogo aliyekuwa mhadhiri wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, mwaka 2007 alichapisha utafiti kuhusu mabadiliko ya muheme, akionyesha jinsi ngoma hiyo ilivyotoka katika unyago ikafika kwenye majukwaa ya hadhara. Huko Chamwino limekuwa likifanyika tamasha la muziki wa Kigogo, ambapo vikundi vya vijiji mbalimbali hukutana. Habari ya muheme inafundisha jambo moja muhimu: ngoma huweza kuhama kazi. Iwapo iliweza kutoka unyagoni ikaingia kwenye mapokezi ya viongozi wa serikali, haiwezi kusemwa kwamba haiwezekani kuingia katika ibada ya Mungu aliye hai.

Biblia ya Kiswahili nayo haikuacha jambo hili bila neno. Zaburi ya 150, katika orodha ya vyombo vya kumsifia Bwana, yataja zeze na filimbi. Wafasiri walipotafuta majina ya vyombo vya Israeli ya kale, walitumia majina ambayo mzee wa Kigogo angeyatambua nyumbani kwake. Kwa miaka mingi zaburi hiyo imesomwa katika makanisa ambamo zeze halikuruhusiwa kuingia.

Hitimisho

Kazi ya Polo Vallejo haiwaambii Walutheri wa Dodoma waache koralе zao, wala haiwaambii kila ngoma yafaa madhabahuni. Kupima maneno na matumizi ni kazi ya wazee wa Kanisa, nao wamepewa roho ya kupambanua. Kazi hiyo yaonyesha kwamba mtu aliyetoka mbali aliona nyimbo za Ugogo zastahili zaidi ya miaka ishirini ya maisha yake. Wenye nyumba hawana budi kujiuliza wao wamezipa miaka mingapi.

Yapo mambo yawezekanayo bila fedha nyingi. Wazee wazijuao tuni za zamani wangali wapo, lakini kila mwaka msiba hupunguza idadi yao. Simu ya mkononi yatosha kuwarekodi, kwa ridhaa yao, huku likiandikwa jina la mwimbaji, kijiji chake, tarehe, na tukio ambalo wimbo huo uliimbiwa, ili asiwepo tena mtunzi au mlezi wa wimbo asiye na jina. Walimu wa kwaya waweza kuwafundisha watoto angalau wimbo mmoja kwa vipimo vya zeze, kinanda kikiwa kimefunikwa, ili sikio lijifunze ile ta isiyo na kibonye. Na watunzi vijana waweza kupewa kazi ya kuandika maneno ya Injili juu ya tuni za nyumbani, kama walivyofanya wanafunzi wa Makumira.

Dodoma ilipandishwa kuwa jiji mwaka 2018, na mji unazidi kusogea kuelekea mashamba. Maji ya Makutupora yalikuwa chini ya ardhi miaka mingi kabla ya kuchimbwa visima, na aliyekata tamaa akaondoka hakuyanywa. Usharika utakapokusanyika kuadhimisha miaka 200, watakaokuwapo watajua nyimbo zipi zilichotwa na zipi ziliachwa zikakauka. Mungu na awajalie walio hai leo kuchota kwa bidii, ili sifa zake katika nchi hii ziimbwe kwa kila sauti aliyoiumba.